Aya ya Miti Mitatu

Leipzig, Jumapili 25 Novemba 1928

Leo ni Jumapili ya Wafu. Mvua ya baridi tangu alfajiri. Nimekwenda makaburini na Mama Selma, mama mkwe wangu, tukaweka matawi ya msonobari juu ya kaburi la baba mkwe, kwa kuwa la Arno, mume wangu, hatuna. Aliuawa vitani Flandria, kule Ubelgiji, Septemba 1917, na kaburi lake tunalijua kwa barua tu.

Tuliporudi nikaisoma barua, kama kila mwaka. Iliandikwa kwangu, lakini mwenye nayo ni Mama. Huitoa ndani ya Biblia, hunipa, kisha hufumba macho, ingawa siku hizi hata akiyafumbua haoni zaidi ya mwanga wa dirisha. “Mumeo alipigwa risasi moja kifuani, alfajiri. Hakuteseka. Neno lake la mwisho lilikuwa la nyumbani. Tumemzika penye miti mitatu yenye magome meupe, mahali pa utulivu.” Chini kuna sahihi isiyosomeka ya karani wa kombania.

“Ile miti sasa itakuwa mirefu,” Mama akasema. Husema hivyo kila mwaka. Safari hii akaongeza: “Mchungaji anapeleka watu Flandria baada ya Pasaka. Nimejiandikisha.”

“Na nani atakushika mkono, Mama? Mimi likizo sina.”

“Watu watakuwepo. Miti mitatu si kitu cha kupotea, mwanangu. Nitauliza.”

Sikubishana naye. Kubishana na Mama Selma ni kujitafutia maumivu ya kichwa.

Jumatatu 26 Novemba

Kazini, kwenye kiwanda cha uchapaji, tumepokea kitabu cha vita. Gazeti moja la Berlin limekuwa likikitoa kwa vipande, tena vimepunguzwa, na watu wanagombania kila nakala. Sasa mchapishaji anakitaka kitabu kizima kabla Januari haijaisha. Mwandishi yuko milimani kwa ajili ya mapafu yake. Ametuachia sisi prufu zote, yaani kurasa za majaribio, tuzisahihishe.

Kwa hiyo kazi ni ileile. Mimi nasoma muswada kwa sauti, na Bwana Nestler, msahihishaji, anafuata kwenye prufu kwa ncha ya penseli. Nasoma kila kitu: koma, nukta, alama za kufungua na kufunga usemi. Sauti lazima iwe kavu. Anayeanza kuifuata hadithi huanza kusoma anachokitarajia, na makosa hupita hapohapo. Mwisho wa kila karatasi tunatia herufi za majina yetu, yake na yangu. Ndiyo sheria ya nyumba hii tangu enzi za babu yake Bwana Haubold, mwenye kiwanda.

Miaka miwili nimekaa meza moja na Nestler na sijui hata kama ana ndugu. Ana miaka thelathini na kitu, kola safi, mikono baridi. Mkate wake hula akiutazama ukuta. Mtu mkavu kama sauti anayoitaka.

Jumatatu 3 Desemba

Kurasa thelathini. Theluji imeanguka, ikayeyuka.

Alhamisi 6 Desemba

Zschocke, mpanga herufi, amekuja kuchukua karatasi. Yeye huniita Bi. Koma.

“Bi. Koma, leo umeua wangapi?”

“Kumi na wawili, na farasi mmoja.”

“Farasi hapana. Watu sawa, lakini farasi utanitia kichefuchefu.”

Nikacheka. Nestler hakuinua kichwa.

Jumanne 11 Desemba

Leo nimeteleza. Kuna mahali askari mmoja anashona kifungo cha mwenzake aliyelala, na sauti yangu ikapata joto bila mimi kujua. Nestler akagonga meza kwa penseli. “Sauti, Bi. Kretzschmar.” Nilimchukia siku nzima. Mtu aliyekwenda vitani mwenyewe, akasikia mambo yale, na anachotaka ni sauti.

Jumanne 18 Desemba

Koo limevimba. Tulipofika mwanzo wa sura ya tisa Nestler akafunika karatasi kwa kiganja.

“Nenda nyumbani.”

“Zimebaki karatasi sita, Bwana Nestler.”

“Nitazisoma mwenyewe. Nenda, utaniambukiza.”

Ni kinyume cha sheria, lakini nilikuwa natetemeka. Alinishikia koti. Nikiwa kitandani nimefikiri: pengine nimemwonea. Pengine chini ya kola ile kuna mtu mwema.

Jumatatu 24 Desemba

Keki ya zabibu kavu, kahawa halisi kwa mara moja, kwaya ya kanisani. Mama amekata utepe mweusi vipande vitatu, kimoja kwa kila mti, akavipindia ncha kwa sindano kwa kupapasa. Niliona mshono umekwenda upande. Sikumwambia.

Alhamisi 31 Januari 1929

Kitabu kimetoka. Bwana Haubold amempa kila mfanyakazi nakala, uso wake umekunjamana, kwa sababu wenzake wa chama cha maveterani wanakiita kitabu cha wasaliti, na wakati huohuo mashine zake hazijawahi kula karatasi kiasi hiki. Mbele ya duka la vitabu kuna foleni, na dirishani kuna mate ya mtu yaliyoganda. Nakala elfu ishirini za mwanzo zitakwisha wiki hii.

Mama anataka nimsomee. Nimeanza leo. Analalamika kwamba nasoma koma.

Jumanne 5 Februari

Zschocke anasema Waamerika wanakitaka kitabu wakifanye filamu, tena yenye sauti. “Wewe utakosa kazi, Bi. Koma. Kwenye filamu mtu akifa hakuna wa kusema nukta.” Mama aliposikia akauliza kama filamu ya sauti inaweza kufuatwa na asiyeona. Nikamwambia sijui. Akasema basi angesikiliza tu.

Jumatatu 11 Februari

Baridi ambayo hata wazee hawajaiona. Mabomba yamepasuka, wino umeganda, mto umekuwa barabara. Nimevaa soksi tatu na bado naandika kwa vidole visivyo vyangu.

Saa nne Bwana Haubold alituita ofisini, mimi na Nestler. Mezani palikuwa na barua ya mwandishi kutoka milimani. Anashukuru kwa kazi nzuri, na anauliza: aya nzima ya sura ya tisa, ukurasa wa mia mbili na tatu, imekwenda wapi? Pembeni ya barua, prufu ya karatasi ile. Aya imekatwa kwa mstari mmoja mnyoofu, na alama ya kufuta pembeni kama agizo la mwandishi. Kurasa za mwisho zililinganishwa na prufu hii, si na muswada, kwa hiyo hakuna aliyegundua. Chini kuna herufi mbili-mbili: zake, na zangu, M.K.

“Hizi ni zako, Bi. Kretzschmar?”

M yangu ina miguu iliyonyooka. Hii ilikuwa na mkia. Nikaitazama tarehe: tarehe kumi na nane Desemba. Nilikuwa nangoja nione kama mwanamume aliyekaa kando yangu ana uti wa mgongo.

“Hakuwepo,” Nestler akasema. “Nilimrudisha nyumbani. Aya niliifuta mimi, na herufi zake niliziandika mimi.”

“Kwa sababu gani?”

“Niliona haifai.”

“Tangu lini msahihishaji anaona?” Haubold akauliza, na kwa kweli alikuwa ameshangaa zaidi kuliko kukasirika. Katika nyumba hii watu wamefukuzwa kwa ulevi na kwa wizi wa herufi za risasi, lakini msahihishaji kufuta sentensi ya mtu ni kama daktari kutia sumu. Akanituma kabatini nilete muswada.

Kabati liko kwenye korido, na koridoni kuna barafu ukutani. Nilisimama pale nikaisoma aya. Inaeleza ofisi ya karani wa kombania. Kwenye ubao kuna barua moja iliyobandikwa, ya mfano, na karani anainakili kwa kila aliyekufa, akibadili jina na tarehe tu: aliyepasuliwa, aliyezama matopeni, aliyelia siku mbili kwenye waya wa miiba. Kisha barua yenyewe. Risasi moja kifuani, alfajiri. Hakuteseka. Neno lake la mwisho. Miti mitatu yenye magome meupe.

Niliisoma mara tatu. Mara ya tatu nilisikia sauti yangu mwenyewe ikisema koma. Kisha nikaubeba muswada nikampelekea Haubold, nikauweka mezani, na nikarudi kwenye kiti changu. Sikumtazama Nestler. Miaka kumi na moja nimekuwa nikisoma tangazo la ofisi kila Jumapili ya Wafu na kumsikiliza mama wa mtu akishukuru.

Jumanne 12 Februari

Nimemkuta Nestler kwenye ngazi, anapasha mikono kwa pumzi.

“Ulikuwa karani,” nikamwambia.

“Ndiyo.”

“Ile sahihi ni yako.”

“Ulipoajiriwa, nikasikia jina Kretzschmar, nikaangalia daftari langu la zamani. Nina majina yote ya barua zile. Ni arobaini na moja.” Alisema kwa sauti kavu ileile. “Nilikuwa na miaka ishirini na mbili. Barua ya ubaoni aliitunga sajini, alikuwa mwalimu wa shule. Alisema miti inafariji. Mwandishi naye lazima aliuona ubao ule.”

Nikamuuliza Arno alikufaje. Niliuliza nikiwa nimeshika reli, kwa sababu niliamini kwamba nyuma ya uongo kuna ukweli umefichwa mahali, na kwamba mtu aliyeuficha anao.

“Sijui.”

“Usinihurumie.”

“Sikuhurumii. Sijui. Sikumwona. Niliona jina lake kwenye orodha, la saba kutoka juu. Siku ile walikuwa kumi na tisa.”

Nilitamani kumpiga kofi. Nilitamani kuliko nilivyotamani kitu chochote miaka hii yote. Badala yake nikamwambia: “Mama yake anasafiri Aprili kwenda kuitafuta miti yako. Haoni. Ameishonea tepe.” Uso wake ukafanya kitu ambacho sijawahi kukiona, nami nikafurahi kukiona. Ndivyo ilivyokuwa, siwezi kujipamba hapa.

Jumatano 13 Februari

Sikumwambia Mama. Anauliza mbona siendelei na kitabu. Nikasema macho yananiuma.

Alhamisi 14 Februari

Sikumwambia. Bwana Haubold hakumfukuza Nestler, kwa kuwa hana mwingine wa jicho lile. Amemwondoa kwenye vitabu na kumpa ratiba za treni. Kutwa nzima anasahihisha saa za kuondoka. Aya itarudishwa kwenye chapa mpya. Haubold anataka karatasi iliyosomwa na wawili na kutiwa herufi Jumatatu ya tarehe ishirini na tano. “Na wewe na yeye mtaisoma,” amesema. “Aliyeng'oa atapanda.”

Jumamosi 16 Februari

Sikumwambia. Kila usiku naisikia habari hii ikinijia mdomoni na kila asubuhi naikuta bado iko. Nikinyamaza, atakwenda huko na utepe wake, ataulizia watu miti, nao watamwonea huruma kwa lugha asiyoijua. Nikisema, nitamchukulia kaburi pekee alilonalo. Na wapo wengine arobaini. Aya ikirudi, mwanamke fulani mahali fulani atafika ukurasa ule na kahawa mkononi. Nikijiuliza kama Nestler alikosea alipoifuta, siku nyingine nasema ndiyo, siku nyingine namwelewa, na siku ninazomwelewa ndizo mbaya zaidi.

Jumatano 20 Februari

Nimemwambia Nestler: “Jumapili saa tisa njoo unywe kahawa kwetu. Utamwambia wewe.”

“Siwezi.”

“Kuandika uliweza.”

Jumapili 24 Februari

Amekuja. Sikutarajia. Alikuwa na maua ya dukani yaliyokufa kwa baridi njiani, akasimama nayo mlangoni mpaka Mama akanyoosha mkono akayapokea, akayanusa, hayakuwa na harufu.

“Wewe ndiye mwenye penseli,” Mama akasema. “Minna anasema hucheki.”

“Ni kweli, Mama.”

“Kaa. Keki ni ya viazi, usitafute siagi ndani yake.”

Alikaa ukingoni mwa kiti. Nilimimina kahawa. Nilidhani atazunguka, atahubiri, ataomba radhi kwanza. Hakufanya hivyo. Aliweka mikono mezani akasema: “Mama Kretzschmar, mimi ndiye niliyeandika ile barua ya mwanao. Nilinakili barua aliyoitunga sajini, iliyobandikwa ubaoni. Zote zilikuwa sawa. Sikumwona akifa na sijui alikufaje.”

Jiko lilikuwa likipasua makaa.

“Na miti?” Mama akauliza.

“Haikuwepo.”

“Yote mitatu?”

“Pale hapakuwa na mti uliosimama. Hata mmoja.”

“Hata mmoja,” Mama akarudia. Akapapasa kikombe chake, akakipata, akanywa mpaka chini. Mimi nilikuwa nalia na sikujali nani ananiona. Kisha Mama akageukia upande ilikotoka sauti ya Nestler.

“Ulikuwa na umri gani?”

“Ishirini na mbili.”

“Arno alikuwa na ishirini na saba. Angekutuma maji kama mdogo wake.” Akasukuma kikombe pembeni. “Nimekasirika. Nitakasirika kwa muda mrefu, usidhani keki imemaliza.”

“Sidhani hivyo.”

“Wale wengine uliowaandikia, utawaendea?”

“Nimewaza hivyo. Nina majina.”

“Usiende kumwamsha mtu aliyelala. Atakayekuja kukuuliza, mjibu. Mimi nilikuwa naulizia miti, wewe umenijibu.” Akaegemea. “Minna, jina langu kwa mchungaji lisifutwe. Nakwenda vilevile.”

“Kutafuta nini, Mama?”

“Ardhi ipo au hata hiyo aliitunga sajini?” Kisha, kwa Nestler, bila kupaza sauti: “Na wewe utakuja. Mimi sioni. Utasimama kando yangu, nitakuuliza kuna nini mbele, na utaniambia kilichopo. Kikiwa kibaya, useme kibaya. Unaweza?”

Nestler akafikiri kwa muda mrefu, kama anavyofikiri kabla ya kukubali nukta ya mtu.

“Naweza,” akasema.

Jumatatu 25 Februari

Tumeisoma aya. Nilisoma mimi, yeye akafuata. Sauti yangu haikuwa kavu, naye hakugonga meza. Tulipofika kwenye maneno ya barua penseli yake ilisimama, nikangoja, ikaendelea. Kosa moja tu, herufi iliyopinduka. Akatia herufi zake. Nami nikashika kalamu na kuwafikiria wale arobaini, nikawafikiria kweli, mmoja mmoja bila sura. Nikatia zangu. Zschocke akaichukua bila neno lolote la mzaha. Nadhani alikuwa ameisoma juu chini wakati wa kuipanga.

Jumapili 10 Machi

Barafu ya mto imevunjika. Mama bado hazungumzi na mimi asubuhi. Nilijua siku kumi na tatu kabla yake, na hilo hajanisamehe.

Jumanne 26 Machi

Nakala ya elfu sitini iko mashineni. Nimemaliza kumsomea Mama kitabu chote, kutoka karatasi za chapa mpya. Kwenye ukurasa wa mia mbili na tatu akasema, “Pita polepole hapo.”

Jumatatu 8 Aprili

Stesheni. Kundi la mchungaji: wanawake kumi na wanne wenye kofia nyeusi, wanaume watatu. Nestler amevaa koti lililopigwa pasi, amebeba masanduku mawili, na ratiba ya treni anaijua kwa moyo hata stesheni zisizo na maana. Mama amemshika mkono juu ya kiwiko, si kwa upole. Nimesikia akimuuliza, kabla hata treni haijaondoka, “Haya, nje kuna nini?” Naye akajibu, “Bi. Minna amesimama. Analia. Amevaa kofia ambayo haimpendezi.”

Mama akacheka. Ni mara ya kwanza tangu Februari.

Ijumaa 12 Aprili

Mvua nyepesi. Nyumba kubwa mno kwa mtu mmoja.

Jumatatu 15 Aprili

Wanarudi kesho. Kadi ya posta imewatangulia, mwandiko wa Nestler, wino wa bluu:

“Bi. Kretzschmar, tulifika mahali kombania ilipokuwa Jumatano saa nane mchana. Ni shamba la viazi, limelimwa karibuni. Hakuna miti. Makaburi yako mbali kidogo na yana safu ndefu. Tuliyasoma majina yote, mimi kwa macho na yeye kwa vidole, na jina la Arno halipo. Alisimama kwenye ukingo wa shamba kama nusu saa. Aliniuliza kuna nini, nikamwambia udongo, mwanamke na gunia, mbwa. Alilia sana, kwa sauti, na aliniacha nimshike. Ningependa kukuandikia kwamba hakuteseka. Aliteseka. Nestler.”

Nimeisoma nikiwa nimesimama, koti bado mwilini. Kisha nimekwenda kununua siagi, kwa sababu kesho saa kumi watafika na njaa, wote wawili.